Nilimfanya Babu wa Mchumba Wangu Akimbie Fisi

Kosa ni langu peke yangu. Msinitafutie mtetezi!

Mimi naandika filamu za kumbukumbu, nakaa Bariadi mjini. Kule Ngulyati, jirani na ghala la pamba, kuna sanamu ya saruji: mzee kashika jembe, pua imemeguka, jina hana. Koo mbili zinaigombania tangu sijazaliwa. Kila ukoo unasema ni babu yao, ndiye aliyeleta pamba kijijini.

Ukoo mmoja ni wa Minza, mchumba wangu. Baba yake, mzee Maduhu, alikuwa hajanikubali. Nikasema, nikimtengenezea filamu ya babu yake, binti nimepata! Jamani, tamaa hii.

Nilizunguka na kamera siku nne. Wazee wananipa maneno makavu: alilima, akazeeka, akafa. Usingizi mtupu! Ndipo nikampata Bibi Ng'washi, muuza dagaa sokoni.

"Huyo babu yao Maduhu?" akacheka mpaka akashika kiuno. "Pamba aliisikia tu! Alikuwa anakimbia fisi na jembe lake, akaanguka palepale."

Weee! Nikaona nimeokota dhahabu. Sikumuuliza hata swali moja dogo: Bibi, wewe ni nani kwake?

Siku ya kuonyesha, darasa la shule lilijaa, madirisha tumeziba na maturubai. Bibi alipotokea ukutani watu walicheka mpaka machozi, hata mzee Maduhu. Nikavimba kichwa. Kisha ikaingia sauti yangu, nimeikaza kama ya mtangazaji: "Hivyo ndivyo shujaa huyu alivyomkimbia fisi."

Mzee Maduhu akasimama.

"Ng'washi ni mtani wetu. Alimtania babu hata siku ya kumzika, ni haki yake. Wewe ni mtani wetu?"

"Hapana, baba."

"Ni nani?"

"Mkwe... mtarajiwa."

"Mkwe anamtania babu wa mkewe?"

Nilitamani ardhi inimeze. Na mimi Msukuma, mama yangu wa Mwamapalala! Utani naujua, ukwe naujua. Kamera tu ndiyo ilinitoa akili.

Sijakaa sawa, mzee wa ukoo wa pili naye akainuka. "Kama huyu ni wa fisi, basi ni wa kwenu. Tumewaachia! Babu yetu hakumkimbia mtu wala mnyama."

Wakatoka wote, wanacheka. Ugomvi wa miaka yote nikaumaliza mchana mmoja, na mzee Maduhu akabaki na sanamu yake. Siku hizi watoto wakipita pale wanaiamkia: "Shikamoo, Mzee Fisi!"

Nilikwenda kuomba radhi. Nikapiga goti, nikamwamkia Kisukuma, "Mwadila, baba." Hakuniitikia. Akaniambia, "Nenda karudishe ugomvi. Siku wale wakiidai tena sanamu, uje tuongelee ng'ombe wa mahari."

Ndugu zangu mnaorekodi wazee, kabla hujabonyeza kamera, uliza anayekusimulia ni nani kwa marehemu. Kisha jiulize na wewe ni nani kwake! Mimi leo ni mara ya sita naenda kwa ukoo wa pili, kuwabembeleza wagombanie sanamu. Wananikaribisha vizuri, wananipa na maziwa. Wanasema babu si wao.