Mama Hilda Aliyekufa Mara Kumi na Moja

Mwezi uliopita nilipeleka redio yangu kwa fundi mmoja Mbeya mjini. Pembeni ya meza yake alikuwa amewasha televisheni ya zamani, zile zenye kisogo kirefu, na ilipopata moto ikaanza kutoa harufu. Wa umri wangu mnaijua: vumbi linaloungua taratibu ndani ya plastiki, kali kidogo puani, tamu kidogo kooni. Fundi aliniuliza jambo, sikumsikia. Nilikuwa Kyela, nina miaka tisa, nimekaa juu ya gunia la mchele, na mwanamke wa Kizungu anakufa mbele yangu huku yeye mwenyewe amekaa nyuma yangu anatafuna karanga.

Ngoja nianze mwanzo, maana nikienda hivi nitawapoteza.

Ilikuwa ile miaka ya ruksa, serikali ilipofungulia biashara. Maduka yaliyokuwa na chumvi na viberiti tu yalijaa ghafla mitumba, sabuni za kunukia, na redio zenye taa za rangi. Mzee Faraji, mfanyabiashara wa vitambaa ambaye baba yake alitoka pwani, ndiye aliyekuwa wa kwanza mtaani kwetu kununua televisheni na deki ya video. Aliviweka stoo, kati ya magunia ya mchele, akaviwashia jenereta iliyokohoa kuliko mgonjwa wa kifua. Jumapili alasiri, kila mwenye macho alikuwa pale.

Kila mtu isipokuwa Bibi yangu. Bibi, mama mzaa baba, hakuwa anakwenda popote.

Mwaka mmoja kabla, bintiye, shangazi yangu Atupele, alipanda meli pale bandari ya Itungi kwenda kwa mumewe kusini mwa ziwa. Aliugua huko, akafariki, akazikwa huko huko. Meli iliharibika, barua ikachelewa, nasi tukapata habari kaburi lake limekwishaota majani. Sasa, kwetu msiba si jambo la kunong'ona. Wanawake hufunga khanga kiunoni, huingia uani wakilia kwa sauti inayofika kijiji cha pili, na asiyelia hutazamwa kwa jicho la pembeni. Walikuja, wakalia. Bibi akawatazama kama watu waliokosea nyumba.

"Mimi sijaona mtu aliyekufa," alisema. "Mimi nilimwona mtu akipanda meli."

Hakulia siku ile, wala siku zilizofuata. Kila jioni alipakua wali kwenye bakuli dogo, akalifunika na kuliweka kando: chakula cha Atupele. (Asubuhi nilikuwa nakila mimi, Mungu anisamehe, na paka ndiye aliyechapwa.) Lakini yeye mwenyewe alipunguza kula, kijiko baada ya kijiko, mpaka mikono yake ikawa myembamba kama yangu. Zahanati walisema hana ugonjwa. Nilimsikia Baba, mwalimu asiyetishika hata na mkaguzi, akimwambia Mama kwa sauti ya kuvunjika, "Asipolia, tutamzika."

Hapo ndipo alipokuja Mama Hilda.

Mdogo wake wa kiume alikuwa fundi kwenye mradi wa maji, amepanga nyumba jirani na yetu. Dada mtu alikuja kumtembelea kwa miezi mitatu. Alikuwa mfupi, mnene wa chini, ana uso ambao ukigeuka tu unausahau. Mimi nilitumwa kumpelekea ndizi, nikakaribishwa chai, na tangu hapo sikubanduka. Alikuwa amejifunza Kiswahili kitabuni kabla ya kuja, akisema maneno kama "ninaomba ruhusa ya kuketi." Baada ya wiki mbili tu alikuwa anavuta maneno vilevile tunavyoyavuta sisi, mpaka wauza ndizi sokoni wakawa wanaangua kicheko: Mzungu huyu amezaliwa hapa Busale nini?

Kazi yake, aliniambia, ilikuwa kuigiza. Miaka arobaini. Alianza na kikundi kilichozunguka miji midogo ya kwao Uingereza, wakilala vyumba vya kupanga vyenye baridi ya kuuma mifupa, wakiigiza jukwaani mchezo mmoja usiku na kufanya mazoezi ya mwingine mchana. Baadaye akaingia kwenye televisheni. Lakini hakuwahi kuwa yule binti mrembo anayegombewa. Alikuwa mfanyakazi wa ndani. Alikuwa mama mwenye nyumba anayedai kodi, jirani mmbea, mtawa, muuguzi mkali, mama mkwe. Jina lake liliandikwa mwishoni kabisa, watu wakiwa wameshainuka kwenda kulala.

"Nimeolewa mara moja tu," alinihesabia kwa vidole, "na nimekufa mara kumi na moja."

Nilirudi nyumbani nikiwa nimejaa maneno hayo kama mtungi. Nikamwambia kila mtu. Nikamwambia na Bibi. Bibi aliacha kupepeta mchele, akanitazama kwa muda mrefu.

Alikuwa na kanda moja ya video, vipande vya kazi zake alivyounganishiwa na rafiki. Mzee Faraji aliposikia hakumpa nafasi ya kupumua: Jumapili ile kanda ikaingia kwenye deki. Na Bibi, jamani, Bibi ambaye hakuwa ametoka uani kwa mwaka mzima, alijifunga khanga mpya akasema nimshike mkono.

Nitawaeleza nilichokiona, ingawa mpaka leo sijui kama nina maneno yake. Alitokea mama mmoja anasugua sakafu, mgongo umepinda. Akatokea mtawa, amenyooka kama mlingoti. Akatokea tajiri mmoja mwenye kidevu juu, anayeshika kikombe kana kwamba kikombe ndicho kinachopaswa kumshukuru. Tulibishana: huyu si Mama Hilda, huyu labda ni dada yake. Nilikuwa nageuka kumtazama pale nyuma na karanga zake, kisha natazama kioo, na nywele zinanisimama. Mtu mmoja! Ule uso usiokumbukika ulikuwa mlango tu, watu wanaingia na kutoka.

Kipande cha mwisho kilikuwa cha bibi kizee kitandani. Alipapasa shuka kama anayetafuta kitu, akakipata labda, maana mkono ulitulia. Kisha pumzi ikatoka na haikurudi.

Wanawake wa Kyela hawakungoja tafsiri. Wa kwanza alifunga khanga kiunoni, wa pili akajitupa chini, na kufumba na kufumbua stoo ya Mzee Faraji ilikuwa msiba kamili, kilio kimeizidi jenereta. Wanaume walivua kofia. Mzee Faraji, Mwislamu wa watu, alisema "Inna lillahi" kabla hajakumbuka kwamba kiti cha marehemu alikuwa amekitenga yeye mwenyewe. Mama Hilda alisimama, karanga zikamwagika, akapunga mikono: "Nipo! Nipo hapa!" Basi kilio kikageuka kicheko, na wengine wakakasirika kabisa, kwani machozi si ya kuchezewa. Mama Hilda mwenyewe alikuwa analia kweli. Aliniambia baadaye kwamba amekufa mbele ya maelfu ya watu na hakuna aliyewahi kumfungia khanga.

Bibi hakulia. Alikuwa ameketi, anatazama kioo, anamtazama Mama Hilda. Macho yake yalikuwa yanang'aa kwa namna iliyonitisha.

Kesho yake asubuhi alikwenda jirani. Baba alifuatana naye kutafsiri, maana Bibi mambo mazito aliyasema kwa Kinyakyusa tu, na mimi niliburutwa na udadisi wangu. Mama Hilda alikuwa kibarazani. Bibi hakukaa.

"Muulize," alisema. "Jana alikufa. Tumemwona. Leo anakunywa chai. Anarudije?"

Nilielewa hata mimi: Bibi hakuja kuuliza habari za televisheni. Baba alijitahidi kueleza kwamba yule mama hufanya kazi ya kuigiza, lakini neno hilo hakulipata kwa lugha ya nyumbani, akaokota lililokuwa karibu, ambalo kwetu maana yake ni kudanganya.

"Miaka arobaini anadanganya watu," Bibi alisema, "na hawajamfunga?" Kisha akamsogelea Baba. "Na walioandika ile barua. Nao walikuwa wanadanganya, sivyo?"

Baba alitafsiri yote. Mama Hilda aliweka kikombe chini. Alikuwa anajua habari za bakuli la wali, nilimwambia mimi mwenyewe. Ingekuwa rahisi kumpa yule mama mzee matumaini yake aondoke nayo.

"Mwambie mimi sirudi," alisema polepole. "Mimi sikwenda. Yule aliyekufa ni mama mwenye nyumba wangu wa zamani. Nilikaa naye mpaka mwisho. Yeye hajarudi, na hatarudi. Mimi namkumbuka tu. Wengine wanakumbuka kwa kichwa, mimi nakumbuka kwa mwili. Naanza na miguu." Akamtazama Bibi miguuni. "Muulize, Atupele alitembeaje?"

Nilidhani Bibi atatukana. Alisimama pale, khanga imeshikwa kifuani, na nzi akizunguka kikombe. Kisha akavua ndala zake, akazishika mkono wa kushoto.

Shangazi Atupele aliwahi kuanguka kutoka kwenye mpera akiwa mdogo. Mguu mmoja ulichelewa kidogo nyuma ya mwenzake, na hakupenda viatu, alivibeba mkononi akivipigisha pajani kama anayejipigia ngoma. Nilikuwa nimeyasahau yote hayo. Mwaka mmoja tu, nami nilikuwa nimemsahau.

Bibi alianza kuvuka ua. Hatua ya kwanza ilikuwa yake, ya pili yake. Ya tatu, mguu ukachelewa. Ndala zikagonga paja. Mabega yakashuka, shingo ikainama upande kama ya mtu anayesikia utani kabla haujasemwa, na wasomaji wangu, naapa, Shangazi Atupele alikuwa anatembea uani kwa jirani saa tatu asubuhi, jua linawaka. Baba alitoa sauti kama mtoto. Mama Hilda alikuwa amesimama wima, mikono imeungana, kama mtu aliye kanisani.

Bibi alifika kwenye uzio wa miti, akageuka kurudi, na katika kugeuka huko akawa tena mama mzee peke yake. Alitazama ndala mkononi. Ndipo kilio kilipotoka. Sijawahi kusikia kilio cha namna ile, wala sitaki. Kilianzia chini kabisa. Majirani walikuja mbio wakifunga khanga njiani, wakiwemo waliokasirika jana yake, na safari hii hakuna aliyeuliza nani amekufa. Mama Hilda alikwenda kukaa chini kwenye vumbi pamoja nao. Hakuigiza kitu. Alimshika Bibi kiunoni tu.

Kilio kilipopungua, Bibi alimwambia, "Ndaga fijo," asante sana. Kisha akanivuta kwake, uso umelowa, akanong'ona kwa Kiswahili, labda ili nielewe vizuri:

"Sasa amefika."

Nilikuwa mtoto, niliyachukua maneno kama yalivyo. Nilichomoka mbio mpaka nyumbani. Nilitazama chumbani, nyuma ya mlango, jikoni, nikaita Shangazi, Shangazi, nikiwa na furaha ya kupasuka kifua. Mama alinikuta nimepiga magoti naangalia chini ya kitanda.

Nilikuja kuelewa miaka mingi baadaye, mama yangu mwenyewe alipokufa nikiwa mbali, nami nikakaa siku kadhaa na macho makavu nikimpigia simu isiyopokelewa. Bibi hakuwa mgumu wala hakuwa na wazimu. Kwa muda wote ambao hakumlilia, bintiye alikuwa bado yuko njiani, na mama gani mwenye moyo angekubali kuwa wa kwanza kuikatiza safari hiyo? "Amefika" ndilo neno lililomtosha. Alikuwa ananiambia, mimi wa kwanza katika nyumba yetu, kwamba Atupele amekufa. Nami nilikuwa nakimbia kumpokea.