Mawifi wa Chumba cha Mwisho

Chumba cha mwisho cha nyumba yetu kilinuka vitu viwili ambavyo sijapata kuvinusa pamoja mahali pengine: hina mbichi iliyokorogwa kwa mafuta ya mkaratusi, na rangi nyeusi ya viatu. Ukifungua mlango wa mbele ulipokewa na udi wa mama na vitunguu vya jikoni, lakini ukivuka ukumbi, ukapita choo na kabati la matandiko, harufu ile nyingine ilikuja yenyewe kukulaki. Tulikaa Deira, mtaa wa zamani wa Dubai, ghorofa ya tatu ya jengo la zamani ambalo viyoyozi vyake viliwadondoshea maji wapita njia, juu ya maduka ya jumla ya vitambaa na vipodozi. Nilikuwa na miaka tisa. Ilikuwa mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili na kumi, na Ramadhani ya mwaka ule iliangukia katikati ya kiangazi, wakati ambapo hata ukifungua bomba la maji baridi yanatoka maji ya kuchomea mkono.

Hina ilikuwa ya Mwanaidi, rangi ya viatu ilikuwa ya Jerono. Mwanaidi alitoka Tanga na alikuwa mchoraji hina katika saluni ya wanawake mitaa miwili kutoka kwetu. Mwembamba, mwepesi wa kucheka, vidole vyake daima vina wekundu usiotoka. Jerono alitoka upande wa Kericho na alikuwa mlinzi katika mnara mmoja wa Dubai Marina, mrefu, mpole, mwenye sauti ya chini kana kwamba anaogopa kuamsha mtu. Kila siku kabla ya zamu alikaa kwenye kigoda akapiga viatu vyake brashi mpaka ving'ae, huku akinisimulia juu ya mashamba ya chai na baridi ya asubuhi inayotoa moshi mdomoni, jambo ambalo mimi mtoto wa Dubai sikuweza kuliamini. Walikuwa wapangaji wetu kwa mwaka na zaidi. Walipokuja walisema kwamba ni mtu na wifi yake: Mwanaidi ameolewa na kaka yake Jerono, kaka huyo alisilimu ili amwoe, naye yuko Kenya anajenga nyumba. Mama alisikiliza, akawatazama mmoja baada ya mwingine, akawapa ufunguo.

Mtoto huona mengi kwa sababu hakuna anayejali kumficha. Niliona kwamba mbele ya watu waliitana "wifi", lakini mlango ukirudishwa waliitana "mwenzangu". Niliona kwamba Jerono akichelewa zamu, Mwanaidi hagusi chakula. Hufunika sahani mbili kwa kawa moja, akakaa karibu na dirisha akisikiliza lifti. Niliona Jerono akimkanda Mwanaidi vidole vilivyokakamaa kwa kushika koni ya hina siku nzima, kimoja kimoja. Kwetu wifi ni mtu wa vijembe. Mama na shangazi zangu walipendana kwa simu tu. Wakikutana, kabla ya chai kupoa mmoja ameshanuna. Nilidhani watu wa bara wana bahati ya kupata mawifi wema.

Aliyekuja kuuharibu utulivu ule alikuwa Bi Thureya, jirani yetu wa ghorofa ya nne, Mzanzibari kama sisi na jamaa wa mbali wa baba. Hakuwa mtu mbaya. Ndiye aliyenifundisha kusoma juzuu ya kwanza, na mtu akifiwa katika jengo lile yeye huwa wa kwanza kufika na wa mwisho kuondoka. Lakini alikuwa na macho yasiyolala, na aliamini kwamba jambo lolote asilolielewa limefichwa makusudi. Siku ya nne au ya tano ya mfungo alikuja kufuturu kwetu. Jerono alikuwa kazini. Mwanaidi alikuwa amekaa mkekani karibu nami, anamimina uji.

"Eti Mwanaidi," alisema Bi Thureya, akichagua tende, "huyo mumeo aliposilimu alipewa jina gani vile?"

"Idrisa, bibi."

"Idrisa." Aliitafuna tende polepole, akatoa kokwa. "Mbona juzi kwenye lifti Jerono kaniambia Ismaili?"

Uji ulimwagika. Ulikuwa kidogo tu, kiasi cha kijiko, lakini nakumbuka jinsi Mwanaidi alivyouangalia ukienea kwenye mkeka kama mtu anayeangalia maji yakiingia chumbani mwake.

"Watu wa bara majina ya Kiislamu yanawapotea ulimini, Thureya," mama alidakia. "Idrisa, Ismaili, kwao yote yaleyale. Kula sambusa, zinapoa."

Bi Thureya alicheka, tukacheka wote. Lakini alipokuwa anavaa viatu mlangoni nilimsikia akisema taratibu, kama anayejisemea, kwamba njia ya mwongo ni fupi. Kesho yake mama alikuwa anakata vitunguu, akaniambia bila kugeuka: "Nasra, usiingie tena chumba cha kina Jerono mpaka mimi nikutume." Nilimuuliza kwa nini. Alisema, "Nimesema," na kisu hakikusimama.

Tangu siku ile hewa ya nyumba ilibadilika. Watu wazima walianza kuongea kwa kukatiza sentensi. Mwanaidi alianza kutoka nyumbani dakika kumi kabla ya Jerono, hata siku ambazo njia yao ya kwenda kituo cha metro ilikuwa moja. Kengele ya mlango ikilia, chumba cha mwisho kilinyamaza kabisa, kikawa kama hakina mtu. Nami bila kuambiwa nilianza kutembea kwa ncha za vidole, nikiogopa kitu nisichokijua jina.

Kisha Jerono akaanguka kazini. Alikuwa amewekwa nje, kwenye lango la maegesho, na kwa kuwa wakati ule ilikuwa marufuku kunywa maji hadharani mchana wa Ramadhani, naye hakutaka kuacha lango kwenda kujificha, alikaa na kiu toka asubuhi hadi saa nane. Wenzake walimkuta amelala kwenye lami. Mwanaidi alipata habari kwa simu akiwa saluni, akakimbilia hospitali na hina ya mteja ingali mkononi mwake. Huko alizuiwa. Aliulizwa yeye ni nani wa mgonjwa, akasema wifi. Akaambiwa basi atoe namba ya kaka wa mgonjwa, ili aulizwe yeye. Alimpigia mama simu analia hivi kwamba mama alilazimika kumwambia mara tatu apumue.

Mama alivaa abaya, akanishika mkono kwa kuwa hapakuwa na wa kumwachia, tukaenda. Mama hakuwa mtu wa kubishana na watu wa ofisini, lakini siku ile alisimama mbele ya dawati akaongea Kiarabu chake chote. Alisema yeye ndiye mwenye nyumba anamokaa mgonjwa, huyu ni wifi yake, na jina la kuandikwa liwe lake yeye mama. Alitoa kitambulisho chake akakiweka mezani. Sikujua wakati ule kwamba alichokiweka pale ni sisi wote.

Tuliruhusiwa kuingia. Jerono alikuwa na mpira wa maji mkononi, midomo imepasuka, mguu mmoja umetokeza nje ya shuka. Mwanaidi hakumwendea kichwani kama wanavyofanya wageni. Alikaa miguuni, akalowesha kitambaa, akaanza kumfuta nyayo, halafu akaegemeza paji la uso wake kwenye miguu ile. "Usiniache huku peke yangu," alisema. "Jerono, mwenzangu, usiniache huku." Mama aliangalia ukutani. Mimi niliangalia pazia, na ndiyo maana ni mimi niliyemwona Bi Thureya. Alikuwa amekuja kumtazama mgonjwa kama ada ilivyo, na chupa ya uji wa pilipili manga mkononi. Sijui alikuwa amesimama pale kwa muda gani. Aliiweka chupa kwenye kiti, hakutoa salamu, akaondoka. Kandambili zake zilisikika mpaka mwisho wa ujia.

Jerono alirudi nyumbani siku ya tatu. Katika jengo letu, kila alasiri ya Ramadhani watoto tulipanda na kushuka ngazi tukipeleka sahani zilizofunikwa: katlesi kwa huyu, vitumbua kwa yule. Na sahani ya jirani hairudishwi tupu. Ukipewa katlesi, unarudisha hata tende tatu. Jioni ile nilipeleka sahani tano. Zote tano zilirudi zimeoshwa, zimekaushwa, tupu. Mama alizipanga kwenye meza ya jikoni akazitazama kwa muda mrefu.

Baada ya siku mbili mlinzi wa jengo alimsimamisha baba mlangoni. Alikuwa mzee Mpathani kutoka Pakistani aliyempenda baba, na alimwambia kwamba kuna mtu amemuuliza nyumba yetu ina watu wangapi, na wale wanawake wawili ni nani wa nani. Nani aliyeuliza, hakutaka kusema. Baba alirudi kabla ya saa zake za kazi kwisha, akazima televisheni, akaingia chumbani na mama. Ilikuwa baada ya alasiri, mimi nikiwa nyuma ya mlango na kitabu changu.

"Polisi wakija hawataanza na wao," baba alisema. "Wataanza na jina lililo kwenye mkataba wa nyumba. Kafeel aliyenidhamini viza akipigiwa simu moja tu, khalas, tumekwisha. Tutakwenda wapi? Nasra hajawahi hata kulala Unguja."

"Na wao waende wapi?" mama aliuliza. "Jela?"

"Sijasema hivyo."

"Hujasema. Basi sema unachosema."

Baba alikuwa karani wa mizigo, mtu aliyepeleka magodoro na majokofu ya watu Mombasa na Dar kwa miaka ishirini bila kupoteza hata moja. Aliposema tena, sauti yake ilikuwa imepungua. "Waondoke kabla ya Ijumaa. Kabla hajaja mtu kuwatoa."

Mama aliwaambia mwenyewe, chumbani kwao, mlango ukiwa wazi kidogo. Jerono alisimama kama yuko zamu. "Mama Nasra, hatuwezi kukulaumu," alisema. "Umetuweka vizuri." Mwanaidi alikuwa ameketi kitandani. Aliuliza kitu kimoja tu: "Ulijua lini?"

"Siku ya kwanza mlipokuja kuona chumba," mama alijibu. "Wifi na wifi hawapendani hivyo."

Hapo Mwanaidi alicheka, kweli kabisa, kicheko chake kilekile chepesi, kikakatika katikati kikawa kilio, na mama akaingia ndani akaufunga mlango.

Waliondoka Ijumaa asubuhi, kwa gari mbili. Jerono alikwenda kwenye mabweni ya kampuni yake kule Muhaisnah, wanawake wanane chumba kimoja. Mwanaidi alipata kitanda nyuma ya pazia katika nyumba nyingine ya Deira. Walikubaliana wasionane kwa mwezi mmoja, mpaka maneno yapoe. Lakini lisemwalo hutembea. Kabla ya mwezi kuisha madamu wa saluni alikuwa amelisikia, na hakutaka hata kuuliza. Alimfutia Mwanaidi kibali cha kazi akamkatia tiketi. Hawakupata kuagana. Baadaye tulisikia kwa msichana mmoja wa saluni kwamba wajomba zake walimwoza kwa mwanamume mjane huko Korogwe, na kwamba simu yake inashikwa na mumewe.

Jerono alidumu kama miaka miwili. Mama alikuwa akimpelekea chakula mara moja moja, wakikutana kituo cha basi mchana, na mara moja alinichukua. Nilishindwa kumtambua. Sare ilimning'inia, na viatu vilikuwa na vumbi. Alinishika shavu akasema nimekua, kisha akamgeukia mama: "Mwanaidi amekupigia?" Mama akatikisa kichwa. Jerono aliitika kwa kichwa, akamshukuru kwa pilau, akapanda basi la kampuni. Ramadhani iliyofuata namba yake haikupatikana, na hatujui kama alirudi kwao, au alihamia nchi nyingine, au nini. Mama bado anayo namba ile kwenye simu yake. Najua kwa sababu mimi ndiye ninayemhamishia majina kila anapobadilisha simu, na kila mara ananiuliza kama lile la Jerono limekuja.

Sasa mimi ni mtu mzima, nafanya kazi katika ofisi yenye vioo kila upande, na jiji limeota minara mingine ambayo siijui hata majina. Watu wa leo husema mambo yamelegea. Labda. Mwezi uliopita mwenzangu wa kazini, msichana wa Kampala ninayempenda sana, aliniinamia wakati wa chai akasema anataka kunieleza habari za mwanamke anayeishi naye, maana hana mtu mwingine wa kumweleza na moyo unamjaa. Kabla hajataja jina nilimshika mkono nikamwomba asiniambie. Jina asinitajie, wala mtaa, wala lolote, ili siku nikiulizwa niwe kweli sijui. Nilijiambia kwamba namlinda. Alisema, "Sawa, dada," akachukua kikombe chake, na tangu siku hiyo tunaongea habari za kazi tu. Nimewahi kumhukumu mama moyoni mwangu kwa ile Ijumaa. Lakini mama, pamoja na hofu yake yote, aliwapa watu wale chumba kwa zaidi ya mwaka huku akijua. Mimi nilishindwa kumpa mwenzangu sikio, hata kwa muda wa kikombe cha chai.