Kompyuta Niliyoibeba Mgongoni Hadi Mwese

Siku yangu ya kwanza kazini, mwanzoni mwa miaka ya tisini, Fundi Mkuu wa karakana yetu pale Mpanda alinikabidhi bisibisi, waya mrefu na kompyuta nzito kama tofali. "Binti," aliniambia, "mashine haisikii kelele. Inabidi uongee nayo taratibu."

Mitambo mingi ya umeme tuliyoitunza iliongozwa na kidhibiti, kisanduku kilichotunza maagizo ya lini mtambo uwake na lini uzime. Kuwasiliana nacho tulitumia programu ya skrini nyeusi, isiyo na picha wala kipanya. Unaandika amri herufi kwa herufi.

Baadaye tukapata Meneja mpya mwenye kompyuta mpya. Akaagiza zile za zamani zitupwe. Sikumbishia, ila moja niliificha kabatini, pamoja na disketi zenye nakala za maagizo ya kila mtambo.

Masika moja, zahanati ya Mwese ikakosa umeme. Mtambo wao mdogo wa maporomoko ya maji ulizimika, na muuguzi alikuwa na chanjo za watoto kwenye friji. Mimi na Meneja tuliondoka asubuhi. Gari likakwama matopeni, tukapanda mlima kwa miguu. Kompyuta kuukuu, pamoja na disketi ya mtambo ule, niliifunga mgongoni kwa kitenge.

"Hilo dude la nini, mama?" Meneja aliuliza.

"Niache tu, bosi. Nimelibeba mimi."

Tulikuta betri ya kidhibiti imekufa na maagizo yote yamefutika. Tukaweka betri nyingine. Meneja akaunganisha kompyuta yake mara tatu, haikupata jibu. Programu yake ilituma haraka mno. Kidhibiti kile kilijua mwendo wa polepole tu. Akanitazama. "Haya, jaribu yako."

Chaji ya kompyuta yangu haikufika nusu saa, na plagi ya waya wa kuiunganisha na kidhibiti ilikuwa imelegea. Meneja alipiga magoti kwenye tope akaishikilia kwa mikono miwili, hatikisiki, mpaka agizo la mwisho likaingia. Mtambo ukanguruma.

"Chanjo zimepona!" muuguzi akapaza sauti. "Mungu awabariki nyie!"

Miaka mingi baadaye, siku ya kuniaga nilipostaafu, Meneja alisafiri kutoka mbali. Akasimama mbele ya wote: "Nilimwamuru mama huyu atupe kitu. Nilikosea, na nashukuru hakunisikiliza."

Watu walicheka. Mimi nililia. Nimetumikia mabosi wengi, wengine wasomi kumzidi. Neno "nilikosea" nimelisikia kwake tu.