Harusi ya Mtende wa Bi Zuhura

Enzi zetu, jamani, mtende ulifungiwa harusi. Msicheke! Wenzangu tuliokulia mtaa mmoja pale Mpwapwa mtanishuhudia. Kipupwe kikianza kulegea na mtende dume ukipasua maua, bibi yetu, Bi Zuhura, alitangaza shughuli. Tuliacha rede katikati, vumbi mpaka kwenye kope, tukakimbilia uani kwake. Baba mdogo Salumu alipanda dume, akashuka na shada la maua limefungwa kwenye kanga, unga wake umemmwagikia mabegani kama katoka mashineni kusaga. Kisha akapanda ule wa kike, akapachika vijiti vya maua ya dume katikati ya maua yake, akafunga kwa ukindu. Sisi chini vigelegele! Watoto wa majirani waliotoka kanisani walivipiga kutushinda sisi wa madrasa. Bibi alipita na sinia la ubuyu huku akifoka, "Pigeni kwa nguvu! Mnataka bibi harusi anune?"

Tende zake tuliziita halua, maana hazikungoja meno. Bibi alitusimulia kwamba babu wa babu yake alikuja na msafara kutoka pwani, wakapumzika pale penye maji, wakala tende, wakatupa kokwa. Miche ikaota kibao. Mingine ikawa madume, mingine ikazaa tende kakasi hata mbuzi wakazitema, na mmoja tu ndio uliozaa halua. Toka hapo kwetu hakuna aliyepanda kokwa. Ukitaka halua, unabandua chipukizi shinani mwa mama. Kila binti aliyeolewa aliondoka na lake kwenye gunia bichi. "Kokwa ni kubahatisha," Bibi alisema. "Chipukizi ni mama yule yule."

La dada yangu mkubwa liliisha kwa mchwa, la mdogo wangu likaliwa na mbuzi. Mimi niliolewa na karani, tukapanga chumba na sebule Dodoma mjini. Ningelipanda wapi, kwenye ndoo? Bibi akanishika mkono: "Lako nimekuwekea. Ukipata kiwanja, uje."

Mwaka huu nimepata kiwanja Chamwino. Nimeshastaafu na magoti yanalia, lakini kiwanja ninacho. Nikachimbisha shimo, nikalijaza samadi nusu, nikaloweka gunia, nikapanda basi kwenda Mpwapwa huku natabasamu peke yangu kama mwali.

Nyumba ya Bibi sasa ni ya Idi, mtoto wa kaka yangu. Anafanya kazi Mtumba, wizarani, na hurudi mwisho wa wiki, kadi ya ofisi shingoni hata akiwa na kaptura.

"Shikamoo, Shangazi!"

"Marahaba, baba." Nikapita moja kwa moja hadi uani.

Mungu wangu! Ua mzima umetandazwa matofali ya pevingi. Gari katikati. Dume limepakwa chokaa, limezungushiwa vitaa. Mtende mama haupo.

"Idi! Mtende uko wapi?"

"Si ule pale?"

"Wa kike!"

"Aa, ule? Niliukata, Shangazi. Tangu Babu Salumu afariki haujazaa hata tende moja ya maana. Mgumba ule. Nikabakiza huu wenye maua."

Mgumba! Nilihisi damu inanipanda kichwani. "Na ulimpelekea mume?"

"Mume wa nani, Shangazi?"

Wallahi nilitaka kumzaba kofi, ila ana ndevu, nikajizuia. Nikaketi chini palepale nikamweleza harusi yote, kanga, unga, ukindu, vigelegele. Anasikiliza mdomo wazi. Kijana huyu anajua simu gani inatoka mwezi ujao, lakini hajui kwamba mtende una mke na mume!

"Na machipukizi ya shinani?" nikauliza.

"Fundi aling'oa yote akachoma." Akakimbilia ndani, akarudi na boksi la tende za dukani. "Lakini hizi tamu sana, Shangazi. Hata kokwa zake utapanda."

Nikamtandikia gunia bichi mbele yake. "Kokwa ni kubahatisha, baba. Nilikuja kuchukua chipukizi la mama." Akalitazama gunia, na nadhani hapo ndipo ilipomwingia. Akalisogeza gari, akachukua mtaimbo, akaanza kung'oa pevingi zake mwenyewe, moja baada ya nyingine, jasho linamtiririka, akitafuta kama shinani pamebaki chipukizi. Chini tulikuta mchanga, na chini ya mchanga mkaa mtupu.

Enzi zetu uani kulikuwa na vumbi, na kila mtoto alijua mti upi ni mke wa upi. Siku hizi ua unang'aa mpaka unaona sura yako. Juu yetu dume lilikuwa limepasua maua, nyuki wamejaa, unga unadondoka kwenye boneti ya gari. Niliondoka bila kugusa zile tende. Kwenye basi nililipakata gunia langu tupu, na lilikuwa bado bichi.