Mkeka wa Watu Watatu

Harufu ya ukindu unaochemshwa na rangi hunirudisha Makorora, uani kwa Shangazi Mwanaidi, nilipokuwa na umri wa miaka tisa. Sufuria lilikuwa jeusi tii, moshi ukitutoa machozi, nasi watoto tukifukuzwa pamoja na kuku. Shangazi alisuka hapo na marafiki zake wawili: Rehema, jirani wa ukuta kwa ukuta, na Jestina, binti wa wakata mkonge, rozari yake shingoni. Kila mmoja alisuka ukili wake, ule utepe mrefu, kisha tepe zikashonwa pamoja kuwa mkeka. Mkono wa mtu ulijulikana. Rehema alibana kama mwenye kinyongo. Jestina alilegeza, akataniwa kwamba kwenye ukili wake hata kunguni angepita bila kuinama.

Mwaka ule Rehema alikonda, akafa. Watu walisema homa tu. UKIMWI ulitajwa kwa jicho. Kaka zake walichoma godoro lake na nguo zake zote. Shangazi alikwenda kuomba ukili alioacha, wakamrushia mlangoni. Arobaini haijafika, Jestina naye akafuata. Wahenga walisema asiyekuwepo na lake halipo, lakini Shangazi hakulikubali hilo hata kidogo. Aliuunga ukili wa Rehema, wa Jestina na wake mwenyewe, ukawa mkeka mmoja, akautandika msibani kwa Jestina.

Watu wakakaa mchangani. Mkeka mpya, mzuri, na juu yake Shangazi peke yake. Akanitazama.

"Njoo ukae nami, mwanangu," alisema. "Ukili hauna homa."

Nilimpenda kuliko mtu yeyote. Lakini nilikuwa nimewasikia wakubwa wakinong'ona, nikaogopa, nikajificha nyuma ya mama. Mama hakunisukuma wala hakunizuia. Shangazi hakuniita tena, na maisha yake yote hakunilaumu, jambo lililoniuma zaidi.

Siku hizi dawa zipo. Watu humeza asubuhi, wakanywa chai, wakaenda kazini. Mwanangu hunieleza aliyofundishwa shuleni, kwamba ugonjwa ule hauambukizwi kwa kukaa pamoja, utadhani ni jambo ambalo kila mtu alilijua tangu zamani. Mkeka ninao mimi. Umefumuka mara mbili, nikaushona. Nikiupapasa najua wapi Rehema anaishia na wapi Jestina anaanza. Huutandika sebuleni, wageni wakakaa, wakala, wakausifu. Nami hukaa. Shangazi alifariki bila kuniona nimekaa.