Mstari Mweusi wa Mama Fotokopi

Saa mbili asubuhi, Mama Fotokopi anafuta vumbi kwenye meza isiyo na mashine. Anapanga bahasha na kalamu, anaketi, anapiga miayo.

"Watu wanakuja na karatasi zao, wanakuta mwenye mashine hana mashine," anasema, akicheka bila nguvu.

Mashine iko polisi mwezi wa saba sasa, kama kielelezo.

Kosa lilikuwa letu, sisi wa gazeti hili, na tunaona aibu. Serikali ilisema waliokufa vitani ni kumi na wanane. Mtu akatuletea nakala ya orodha ya siri ya waliokufa, kurasa tisa. Tulichapisha picha ya ukurasa wa kwanza vilevile ulivyo, majina arobaini. Kabla hatujatoa wa pili, polisi walizoa kila kitu na gazeti likafungiwa miezi mitatu.

Ukurasa ule ulikuwa na mstari mweusi pembeni, kutokana na mkwaruzo ndani ya mashine. Sisi tunaojidai mabingwa wa kuficha watoa habari hatukuuona. Wapelelezi waliuona. Walipita duka kwa duka wakitoa nakala, hadi wakakuta mstari uleule kwake.

Alilala mahabusu siku ishirini na sita. Bado anaripoti kila Jumatatu, na swali ni lilelile: nani alileta karatasi? Akimtaja, anaondoka na mashine yake siku hiyohiyo.

"Nawaambia mteja ni mteja. Miaka kumi na tisa nimetoa nakala za vyeti, talaka, barua za kufukuzwa kazi. Karatasi ya mtu siisomi. Mume wangu ananiambia, 'Mke wangu, taja basi tupumzike.' Nimechoka, kweli. Lakini huyo mtu naye si ana kwao?"

Hatukumuuliza kama anamjua.

Kinachomkondesha zaidi si polisi, ni wake na mama wa wanajeshi walioko vitani. Tukiwa pale anaingia mwanamke mjamzito, ananunua bahasha moja, kisha anainama.

"Shikamoo mama. Kwenye zile kurasa nyingine, mume wangu alikuwemo?"

"Marahaba, mwanangu. Sikusoma."

Mwanamke anaondoka, bahasha kaiacha mezani. Mama Fotokopi anajifuta macho kwa upindo wa kanga.

Tunamuuliza anachotumaini mwaka huu. Bila shaka mashine?

"Naitaka sana. Ila siku wakianza kurudisha vitu, waanze na zile kurasa nane."