Miba kwenye Kona ya Uani

Lori lilirudi nyuma mbele ya geti letu, likakanyaga baiskeli ya mwanangu mdogo, ile ya magurudumu matatu, likaiacha bapa kama chapati. Mtoto mwenyewe alikuwa ndiyo kwanza ameshuka kwenda kukojoa ukutani. Dereva aliteremka, akatazama, akasema, "Pole mama," akapanda tena, maana foleni ya kuvuka kwenda Zambia ilikuwa imesogea na hakutaka kupoteza nafasi yake. Nilibaki nimeshika usukani wa baiskeli. Siku hiyo niliapa kuwa wanangu hawatacheza tena barabarani.

Nyuma ya nyumba tulikuwa na kipande cha ua kilichojaa magugu. Nyumba yenyewe tuliinunua kwa mtu aliyehamia Mlowo, na habari za ua hatukumuuliza. Nani anauliza habari za magugu? Nilifyeka mwenyewe. Niliokota vipande vya chupa, misumari, mifupa na soli za viatu. Nilinunua mchanga wa mtoni, nikazika tairi mbovu za lori nusunusu ili watoto wazirukie, na kaka yangu akaniletea kutoka nyumbani Mbozi viroba vya maganda ya kahawa. Hayo niliyatandaza chini, ili anayeanguka aangukie palipo laini. Uani kote kukanukia msimu wa mavuno. Ikabaki bembea tu, na nilishaichagulia mahali: kona ya mwisho, ambako mparachichi wa jirani unamwaga kivuli upande wetu.

Mume wangu ni dereva, na wakati huo alikuwa ng'ambo, amekwama na mzigo. Nilimpigia simu kumweleza habari za bembea.

"Hiyo bembea ngoja nije," alisema.

"Kwa nini?"

"Ngoja tu, mama watoto. Nguzo nitachimbia mwenyewe."

Mwanamume ambaye kitasa cha choo kilimshinda mwaka mzima, leo ana hamu ya kuchimba! Niliagana naye nikiwa na neno moyoni.

Niseme wazi, mimi nimeumbwa na shaka. Mayai nayatumbukiza kwenye beseni la maji mbele ya muuzaji. Mchungaji akisema tufumbe macho tuombe, langu moja hubaki linachunga viatu mlangoni. Nanyi msinicheke. Huku kwetu mtoto akivuka barabara moja tu yuko nchi nyingine, na hapo utampigia nani kelele?

Mchana nilikuwa kwenye duka langu sokoni. Watoto wangu wawili wakitoka shule walicheza uani, na jirani yangu aliwatupia jicho kupitia uzio wa mabanzi huku akikaanga vitumbua vyake. Ni mama mzaliwa wa Nakonde, upande wa Zambia, mcheshi, na mpaka wakati huo sikuwa na neno naye.

Kisha nikaona ganda la ndizi kwenye mchanga. Mimi sikuwa nimenunua ndizi.

"Nani kawapa ndizi?"

"Hakuna," alisema mkubwa.

Watoto wangu wakidanganya huangalia miguu yao. Siku hiyo wote wawili walikuwa wakiangalia miguu.

Baada ya hapo nikagundua kwamba tairi zimetobolewa chini, matundu madogo yaliyochomwa kwa chuma cha moto, na maji ya mvua yaliyokuwa yakisimama ndani yametoka yote. Msumari niliousahau kwenye ubao niliowawekea wa kukalia ulikuwa umegongwa ukalazwa. Mtu anaingia kwangu, anatengeneza vitu, anatoka. Hapo ndipo nilipoogopa hasa. Mwizi anachukua, tunamjua. Anayeleta ndizi na kugonga misumari ya watu ana lake jambo.

Nilimwendea jirani.

"Awe, mama," alisema. Kwa Kibemba chao hiyo ni hapana. "Mimi sijaona mtu hapa. Labda upepo."

"Upepo unatoboa tairi?"

Akainama akageuza kitumbua ambacho hata chini kilikuwa hakijaanza kuiva. Nikajua ananidanganya. Nilirudi ndani nikihesabu moyoni kila kitumbua ambacho wanangu waliwahi kula kwake.

Siku iliyofuata niliikuta miba. Matawi ya miba yalikuwa yamepangwa duara kwenye kona ileile ya bembea, na kuyazunguka kumemwagwa majivu. Mkoani kwetu miba na majivu uani kwa mtu si mapambo. Niliyavuta matawi kwa reki, nikayachoma moto, nikaimba wimbo wa kanisani kwa sauti kubwa ili aliye nyuma ya uzio asikie. Kesho yake yalikuwa yamerudi, safari hii yamebanwa na mawe.

Basi hofu ikageuka hasira. Nikasema sitapangiwa ua wangu na mchawi. Mume aseme ngoja, jirani aseme upepo, mimi nguzo nitachimbia palepale, juu ya uchawi wao. Nikaazima sururu kwa fundi, nikafunga duka mapema, nikaja nyumbani.

Nilipofika ubavuni mwa nyumba nikasikia sauti ya mwanamume uani kwangu.

Sikumbuki nilivyokimbia. Nakumbuka nilichokiona: mpira wa watoto ulikuwa umeingia ndani ya ile duara ya miba, na mwanamume amepiga magoti, amenipa mgongo, amemshika mwanangu mdogo mkono, hamwachii. Mtoto anajivuta, anautaka mpira wake. Niliinua sururu juu.

Mkono ukagoma hewani. Lile koti la kahawia lililopauka mabegani nililijua, na lile bega la kushoto lililoshuka nililijua pia.

Mume wangu ni Mndali wa Ileje. Kwao, kwa wazee walioshika mila, mkamwana na baba mkwe hawaonani uso kwa uso wala hawasemeshani. Wengi wameacha. Baba mkwe wangu hakuacha. Siku ya harusi yangu alikaa amegeukia ukuta, na tangu hapo, nikienda kwao, mlango nikiingilia huu yeye anatokea ule. Nilikuwa nimezaa wajukuu zake wawili na nilimjua kwa mgongo tu. Wifi yangu anayeishi upande wa pili wa mji aliniambia mzee alikuja kutibiwa macho akarudi Ileje. Kumbe alibaki kwa huyo wifi, na kila mchana, nikiwa dukani, alipitia tundu la uzio kuja kuwaona wajukuu. Watoto walikatazwa kusema, na jirani aliombwa asitie neno. Kwa hiyo jirani alikuwa ananidanganya kweli. Sikukosea hapo, nilikosea sababu tu.

Mzee alisikia miguu yangu. Hakugeuka. Alivuta kofia ikamfunika mpaka puani, akasimama ameelekea uzio, mkono wa mtoto bado ameushika.

"Mwambie mama yako asikanyage hapo," alimwambia mwanangu mkubwa.

"Mama, babu anasema usikanyage hapo."

Zilikuwa hatua chache tu kati yetu na kila neno nalisikia.

"Muulize babu pana nini," nilisema.

"Mwambie chini ni tupu. Nimepiga fimbo, pamelia."

"Anasema chini ni tupu, mama. Pamelia."

Niliokota jiwe kubwa mojawapo, nikalirusha katikati ya duara. Halikudunda. Ardhi ilizama na jiwe, na mpira, na mbao zilizooza, na baada ya kitambo kikasikika kishindo chini kabisa. Harufu ikapanda. Lilikuwa shimo la choo cha zamani, limefunikwa kwa mbao na udongo, na mimi nililitandazia maganda ya kahawa ili watoto waangukie palipo laini.

Nilikaa chini nikalia. Kisha nikakasirika.

"Muulize babu kwa nini hakusema!"

"Mwambie nilimwambia mwanangu kwenye simu. Akasema bembea isubiri mpaka afike."

Ndiyo maana ya ile ngoja nije. Baba aliona aibu kujulikana kuwa anaingia uani kwa mkamwana, mwana akamfichia baba aibu, na kati yao shimo likaachwa lisemewe na miba. Heshima gani hiyo? Hata leo nikikumbuka damu inachemka. Lakini mkono wa mwanangu ulikuwa bado ndani ya mkono wa mzee yule, na vidole vyake vilikuwa vimebana mpaka vimepauka.

Alipomkabidhi mtoto kwa kaka yake, alianza kuchechemea kuelekea tundu la uzio.

"Mwambie babu yako asipite tundu la uzio kama kuku," nilisema. "Chai ipo kwenye chupa, maandazi yapo. Aingie kwa mlango, akae kwenye kiti cha baba yako. Mimi natoka."

"Unaenda wapi, mama?"

"Nipo hapo getini."

Nikatoka. Nilisimama kando ya barabara, mahali nilipowakataza wanangu kusimama, malori yakinipulizia vumbi, mpaka baba mkwe wangu alipomaliza kunywa chai ndani ya nyumba yangu kwa mara ya kwanza. Mwishowe mkubwa alichungulia getini.

"Mama, babu anasema ahsante. Anasema geuka, anapita."

Niligeukia lori lililokuwa mbele yangu. Fimbo yake ilikuja nyuma yangu taratibu, ikasimama.

"Mwambie mama yako," alisema mzee, na mtoto hakuwepo, alisharudi ndani, "bembea tutaiweka karibu na jiko. Kesho nitakuja na kamba."